Kisogo cha Toronto

Mwaka wa tisini na saba, kabla ya mafuriko, joto la Habaswein lilizidi hata nzi wakaacha kuruka, wakawa wanatembea kwa miguu. Fisi mmoja alionekana akifuata kivuli cha lori kutoka kisimani mpaka sokoni, kwa adabu, bila kumsumbua mtu. Asiyesadiki shauri yake. Lakini ni joto hilohilo lililojaza banda la video la Yarow kila alasiri, maana ndani kulikuwa giza, kuta zilikuwa za udongo, na mtu angeweza kumtazama Mzungu amesimama kwenye theluji akapata nafuu.

Yarow alikuwa na miaka hamsini na kidogo, mrefu, mkavu, mwenye koo lililopanda na kushuka kama ndoo kisimani. Ujanani aliosha vyombo katika kambi ya wajenzi wa barabara, na huko alitoka na maneno kumi na moja ya Kizungu: saba ya chakula, manne ya matusi. Kwa mtaji huo akawa mfasiri. Alikaa kwenye kigoda kando ya televisheni, fimbo mkononi, na kila mtu wa kwenye picha alipofungua mdomo, Yarow alimsemea kwa Kisomali. Alisemea wanaume, wanawake, polisi, mbwa. Hakuna aliyemuuliza Kizungu amekisomea wapi, kwa kuwa hadithi zake zilikuwa tamu, na mtu hamuulizi ngamia wa maziwa amezaliwa na nani.

Filamu iliyopendwa kuliko zote ni ile ya mtu aliyevaa barakoa na kuruka juu ya majumba. Watu walimwita Galayr, yaani mwewe. Kanda yake ilinunuliwa Eastleigh, ikaja ndani ya gunia la sukari, na ilikuwa nakala ya nakala ya nakala, mpaka rangi zilikuwa zimechoka: nyekundu ya joho la Galayr ilitangulia kidogo, Galayr mwenyewe akafuata nyuma. Muuzaji alisema mtu mmoja aliificha kamera ndani ya koti huko Toronto, akaingia nayo kwenye ukumbi wa sinema, akaichukua filamu yote kwa wizi. Yarow alilirudia jambo hilo kwa fahari. Kwake, kitu kilichoibiwa mbali hivyo kilikuwa na hadhi ya kitu kilichotolewa zawadi.

"Huyu Galayr ukoo wake ni upi?" aliuliza Alio, dalali wa mbuzi, siku ya kwanza kabisa.

"Hana ukoo. Wote waliisha."

"Basi hilo gari alilolirusha, likiua mtu, dia analipa nani? Waryaa, mtu asiye na ukoo hana ruhusa ya kurusha magari."

"Atalipa baadaye. Tazama kwanza."

"Baadaye lini? Amesharusha matatu!"

Wanawake walikaa nyuma, upande wao wa pazia la magunia, na wao hawakujali magari. Walipenda pale ambapo Galayr huvua barakoa, akaingia nyumba ndogo, na kikongwe mwenye mvi akammiminia chai. Huyo, Yarow aliwaambia, ni mama yake, na hajui kwamba mwanawe ndiye anayeruka. Kila siku anamsikia Galayr redioni na kumwambia mwanawe: laiti nawe ungekuwa na maana kama yule. Hapo pazia lilitikisika kwa vilio. Sifa za mama huyo zilifika mbali, mpaka zikamtoa nyumbani Rukiyo, ambaye maishani mwake alikuwa hajawahi kuketi mbele ya picha inayotembea.

Rukiyo alikuwa mama wa mtoto mmoja. Huyo mmoja, Gabow, aliondoka mwaka wa tisini na moja, miezi mitatu tu baada ya kumuoa Fowsiya, akapita Nairobi na karatasi za mtu mwingine, akavuka bahari. Mwaka uliofuata ilikuja barua yake. Barua, kwa watu wa huko, haikuwa karatasi: ilikuwa kaseti. Mtu alikaa mbele ya redio, akabonyeza, akasalimia ukoo mzima kwa majina, akasema shida zake, akamkabidhi msafiri. Gabow alisema amefika Toronto, anaosha magari, baridi inauma masikio, atamwita mkewe. Baada ya hapo, miaka mitano, kimya.

Siku hiyo Rukiyo alipokaa nyuma ya pazia, filamu ilifika mahali ambapo jengo linaungua. Na hapo, kama kila siku, mtu wa safu ya mbele kule kwenye ukumbi wa Toronto alisimama. Kichwa chake cheusi kilizuia nusu ya moto. Kikageuka kidogo upande, sikio likapata mwanga, likasikika neno moja lililokwaruza, na yule mtu akapita akaenda zake. Wazoefu hawakumjali tena. Mwanzoni Yarow aliwaambia ni jini, kisha ukweli wa kamera ukajulikana, wakawa wanamzomea tu: "Keti, wewe!"

"Simamisha!" Pazia liling'oka. Rukiyo alikuwa amesimama katikati ya wanaume, shela imeanguka mabegani. "Simamisha! Huyo ni Gabow."

"Eddo, shangazi," alisema Yarow, "huyo ni mtu tu wa..."

"Nimekinyoa kichwa hicho tangu kikiwa kama ndimu. Unifundishe wewe? Mrudishe."

Yarow alirudisha kanda. Kisogo kilisimama tena, kikageuka, kikasema neno lake.

"Ametuma kaseti," alisema Rukiyo, sauti yake sasa imekuwa ndogo. "Safari hii ametia na picha. Amesimama makusudi ili nimwone. Yarow, anasema nini?"

Watu arobaini walimgeukia. Yarow angeweza kusema hajui. Lakini miaka mitatu hakuna neno ambalo hakulijua, na akikiri kwamba hili moja limempita, mtu angemuuliza juu ya mengine. Tena alimtazama yule mama, mikono yake imeshikana kama ya mtu anayepokea chakula. Koo likapanda, likashuka.

"Anasema: Hooyo, mama yangu, nipo."

Rukiyo akaketi chini palepale, akalia kilio cha kushukuru ambacho Yarow hakuwahi kukitoa kwa mtu kwa hadithi yoyote. Na ukweli ni kwamba alijisikia vizuri. Alitembea kwenda nyumbani kama mtu aliyechimba kisima.

Kesho yake alasiri Rukiyo alirudi. Na kesho kutwa. Filamu ikasimamishwa kila siku mahali palepale, na kila siku mama aliuliza kama kuna kilichobaki kwenye lile neno. Kilikuwepo. Neno lilizaa. Gabow alisema amepata kofia ya sufu. Gabow alisema anaswali, ila jua la huko linachelewa. Gabow aliuliza habari za ngamia mweupe.

"Mbona amefungua mdomo mara moja," alisema Alio, "na wewe umetafsiri mpaka chai imepoa?"

"Kizungu ni lugha ya kubana," alijibu Yarow. "Wenyewe wana haraka."

Watu wakacheka, hata Rukiyo. Halafu, bado akitabasamu, akauliza, "Na juu ya Fowsiya? Hasemi kitu juu ya mkewe?"

Yarow alikuwa amekolea. Mtu akiwa amekolea hivyo ulimi unamtangulia kama joho la Galayr.

"Anasema amsubiri. Anakuja kumchukua."

Wiki hiyohiyo maneno hayo yalifika kwa Sheikh Hared. Yarow hakulijua hilo. Alilijua asubuhi moja alipokuwa anapangusa vumbi kwenye kanda zake, mlango ukaingiza mwanga na mwanamke pamoja nao.

"Adeer Yarow, ami yangu, assalamu alaykum."

Alikuwa Fowsiya. Miaka ishirini na nne, mwembamba, ameshika ndoo tupu kama kisingizio cha kupita njia hiyo.

"Wa alaykum salaam. Keti, binti yangu."

"Sikai. Adeer, Kizungu ulikisomea wapi?"

Katika miaka yote ilikuwa mara ya kwanza mtu kumuuliza. Yarow alicheka kidogo, akatafuta jibu zuri, la kambi na makandarasi wakubwa, lakini macho ya yule binti hayakumpa nafasi ya kulipamba.

"Kwa nini unauliza?"

"Ijumaa iliyopita Sheikh Hared alikuwa aniachilie kutoka ndoa hii. Amengoja miaka minne kama sheria inavyosema, akaongeza na mmoja. Ameuliza kwa kila msafiri, ametuma habari mpaka kwa watu wa Toronto wenyewe. Hakuna aliyemwona Gabow hai wala kaburi. Jumatano, siku mbili kabla, mama mkwe akaenda akamwambia: mwanangu yu hai, amesema mkewe amsubiri, na shahidi ni Yarow." Aliihamisha ndoo mkono wa pili. "Sheikh akaifunga kesi."

Yarow aliendelea kuipangusa kanda ileile.

"Nilikaa na Gabow siku tisini," alisema Fowsiya. "Sauti yake nimeisahau, adeer. Namwomba Mungu anisamehe, lakini nimeisahau. Nikienda kuteka maji wenzangu wanabeba watoto mgongoni, mimi nabeba mtungi. Kuna mtu Tarbaj, Mursal, mkewe alikufa kwa uzazi. Ameuliza kwa kaka yangu mara mbili. Hatauliza mara ya tatu."

"Lakini mama yake, Fowsiya. Umeona anavyotembea siku hizi? Amerudi kula."

"Nimeona. Mimi ndiye ninayempikia." Aliinyooshea televisheni kidole. "Huyo Galayr wenu anaokoa mji mzima, watu asiowajua hata majina. Mimi ni mtu mmoja, na unanijua. Ulikula pilau ya harusi yangu. Ulikula sahani mbili."

Akatoka. Yarow alibaki ameketi mpaka adhuhuri. Alijaribu kutunga njia: angemwambia Rukiyo kwamba leo kisogo kimesema jambo jipya, kwamba Gabow amemwachilia mkewe kwa hiari, talaka moja, kwa heri. Hadithi ilijipanga yenyewe, nzuri, kila mtu ndani yake akipata chake. Alikuwa ameshasimama kwenda kuisema alipotambua kwamba angekuwa amemtalikia mtu mke kwa kinywa chake mwenyewe, na kwamba Fowsiya angelala kitanda cha Mursal maisha yake yote juu ya uongo huo, na watoto wake pia. Akaketi tena.

Kesho yake, kwa ombi la Yarow mwenyewe kwa Sheikh, watu walikusanyika uani mwa msikiti baada ya swala ya adhuhuri. Sheikh Hared, mzee mnene aliyehema baada ya kila sentensi, aliweka Msahafu juu ya magoti. Rukiyo alikaa upande wa wanawake, amevaa shela mpya. Fowsiya alikaa nyuma yake, kwa heshima, kama mkwe anavyokaa.

"Yarow," alisema Sheikh, "uliyoyasema juu ya mtu yule wa kwenye picha, unayajua au unayatunga?"

"Nayatunga, Sheikh."

"Kizungu unakijua?"

"Maneno kumi na moja." Hakuna aliyecheka. "Sikusikia alichosema. Hata sijui kama ni Kizungu. Wallahi sijui."

Alio alinyoosha shingo. "Na Galayr?"

"Nimemtunga."

"Ukoo wake kuisha?"

"Nimetunga."

"Na mama yake?" aliuliza mwanamke mmoja upande wa pili. "Yule anayemimina chai?"

"Labda ni mama yake. Labda ni mpangishaji wake tu. Sijui."

Mzee mmoja, aliyelia mbele ya televisheni ile zaidi ya wanawake, aliuliza polepole, kama mtu anayeulizia mgonjwa, "Basi ule mji, mwishoni, uliokoka au haukuokoka?"

"Sijui, mzee wangu. Nilipenda uokoke."

Watu wakatazama chini. Miaka mitatu ya alasiri zao ilikuwa imetoka ikaenda, na hakuna aliyejua amkasirikie nani. Ndipo Rukiyo alipozungumza.

"Na kisogo, Yarow? Na hicho umekitunga?"

"Kisogo kipo, eddo. Ni cha mtu. Sijui ni cha nani."

"Mimi najua."

"Pengine unajua," alisema Sheikh Hared, na alihema zaidi ya kawaida yake. "Lakini kisogo hakitoi ushahidi, Rukiyo. Uso ungetoa. Jina lingetoa. Miaka mitano tumeuliza, na leo tumebakiwa na kisogo." Akafungua Msahafu, akaufunga. Kisha akasema maneno ambayo sheria humtaka ayaseme: kwamba Gabow anahesabiwa amekufa kuanzia siku hiyo, kwamba mkewe akae eda ya mjane, miezi minne na siku kumi, ndani ya nyumba ya mumewe, na baada ya hapo yu huru.

Wanaume waliswali swala ya jeneza la asiyekuwepo. Hakukuwa na jeneza, hakukuwa na kaburi, na Yarow, aliyesimama safu ya mwisho, alihisi kwamba Gabow alikuwa amekaa salama mahali fulani mpaka adhuhuri ile, na kwamba yeye ndiye aliyekwenda kumtoa. Watu walipompelekea Rukiyo mkono wa tanzia hakuutoa wake. "Mnanipa pole ya nini?" aliuliza. "Nani amekufa?"

Na nyumba ya mume, kwa Gabow, ilikuwa nyumba ya mama. Basi wanawake wawili wakakaa chini ya paa moja, miezi minne na siku kumi: mmoja amevaa nguo nyeupe za mjane, mwingine anakataa kwamba kuna maiti. Rukiyo hakumtukana Fowsiya. Alimfulia zile nguo nyeupe kila Alhamisi, akazianika kwenye miiba, akazikunja. Hakusema zilikuwa za nini. Wakati wa chakula aliwahi kutenga sahani ya tatu, akaitazama, akawamwagia kuku.

Bandani kwa Yarow watu walipungua. Walikuja wachache kwa ajili ya kivuli, wakatazama picha bila maneno, kila mmoja akijitungia vyake kimoyomoyo. Rukiyo hakurudi tena. Kila siku ya soko Yarow alipeleka kibuyu cha maziwa mlangoni kwake. Fowsiya alikipokea. Mama alikuwa ndani, na Yarow alimsikia akipumua nyuma ya mkeka, asitoke.

Mvua ikaja, ile mvua kubwa, samaki wakaogelea sokoni kati ya matuta ya chumvi na wanunuzi wakawa wanajadiliana nao bei. Barabara ikakatika, ikakauka. Eda ikaisha. Kaka yake Fowsiya alifika na lori la Tarbaj asubuhi ya Jumamosi, akapakia godoro, sanduku na mbuzi wawili. Yarow alikuwepo, akisaidia kufunga kamba, kwa kuwa hakuweza kukaa nyumbani.

Fowsiya alitoka amevaa nguo ya kijani. Hakwenda kwenye lori. Alikwenda kwa Rukiyo, aliyeketi kwenye mkeka mlangoni, akapiga magoti mbele yake, akainamisha kichwa na kungoja.

Kila aliyekuwepo alielewa. Msichana hatoki kwa mama mkwe bila mkono kichwani. Sheikh alikuwa amempa sheria, lakini dua si ya Sheikh kuitoa, na mtu aondokaye na kinyongo cha mama huzaa akazika. Naye Rukiyo hakuweza kumwombea mke wa mwanawe heri katika nyumba ya mwanamume mwingine, ila kwanza awe amekubali kwamba mwanawe hayupo tena.

Dereva alipiga honi. Kaka mtu akasema, "Fowsiya, jua."

"Nangoja," alisema Fowsiya, bila kuinua uso.

"Eddo," Yarow alianza kutoka nyuma ya lori. Rukiyo akamtazama, mara ya kwanza tangu siku ile ya msikitini, na Yarow akanyamaza. Kamba ilikuwa bado mkononi mwake.

Rukiyo aliutazama utosi wa yule binti kwa muda mrefu. Alimwondolea jani lililonasa kwenye shela. Kisha akaweka mkono.

"Mungu akupe watoto," alisema. "Akupe mvua kwa kiasi. Akupe mume anayerudi nyumbani." Vidole vyake vilikaza juu ya kile kichwa mpaka Fowsiya akafumba macho. "Na Mungu amrehemu Gabow."

"Amin," walisema wanaume wa lori, kwa sauti ya chini.

Fowsiya alilibusu gumba la mguu wa mama mkwe, jambo ambalo halifanywi, akapanda lori akiwa amejifunika uso wote. Lori likaondoka kuelekea kaskazini. Vumbi lake lilikaa hewani muda mrefu, jekundu, halafu likaanza kulishukia paa, mkeka, mabega ya Rukiyo.

Yarow alimwendea akamnyooshea mkono. "Eddo, simama. Jua litakuunguza."

"Niache kwanza," alisema Rukiyo. "Nikisimama sasa, itakuwa kweli."

Yarow aliurudisha mkono. Akavua viatu, akaketi kwenye mchanga, mbali kidogo naye, akakifungua na kukifunga kipande cha kamba kilichobaki mkononi, mpaka muadhini wa adhuhuri alipoanza kukohoa kwenye kipaza sauti.